Baba Mdogo Amekataa Kutema Mate

Leo ni Jumapili, tarehe tatu Novemba, mwaka wa nne tangu nitoke Baraka. Admin, nifichie jina. Nina miaka thelathini na minne, napakua simenti Lubumbashi, shule niliiachia njiani.

Baba alipotea vitani nikiwa mtoto, akienda kuchimba dhahabu Lulimba. Mwaka huu wataalamu walifukua shimo la mifupa huko. Walichukua jino kwa kila maiti, mimi wakanichukua mate huku mjini, wakasema tusubiri. Baba mdogo asubiri nini? Aliona maiti mmoja ana mkanda wenye kifungo cha shaba, akasema ndiye baba, akalia kwa sauti, akazika, akala mbuzi wa matanga. Sasa anataka kumrithi mama kwa desturi, na nyumba juu yake.

Juzi majibu yalitoka. Dada wa maabara alinieleza: vipande vidogo vya urithi, ile DNA, kutoka kwenye jino la yule maiti na mate yangu wanavitia rangi, kisha wanavipiga kwa mwanga unaowaka na kuzimika kabla hujapepesa jicho, tena na tena. Kila kipande kinang'aa kwa namna yake, mashine inasoma. Yule maiti si baba yangu.

Nikampigia baba mdogo. Akacheka.

"Weye ulienda kubeba simenti, leo unatuletea habari ya taa? Mi najua mukaba ya ndugu yangu na kifungo yake ya shaba!"

"Baba mudogo, mikaba kama ile iko inauzwa soko nzima."

"Basi pengine ni weye haiko mutoto yake. Uliza mama yako."

Mwanamke anayetaka kumuoa, ndiye anayemtukana! Nikamwambia: "Tema mate na weye, taa ituambie kama ule mufu ni ndugu yako." Akakata simu. Aliyelia mbele ya mji mzima anaogopa kutema mate.

Kinachonizuia ni mama. Tangu mazishi ananiambia, "Mutoto wangu, sasa mi nalala." Nikisema, baba mdogo hana mjane wa kurithi, lakini mama naye hana kaburi, atarudi kukaa ufukweni mwa ziwa akichungulia kila boti kama baba yumo. Nikinyamaza, baba mdogo atalala kwenye kitanda cha baba yangu.

Nyinyi mliowahi kuzika bila hakika, nimwambie mama au nimuache alale? Jibuni upesi. Baba mdogo amepanga kuhamia kwa mama Krismasi. Mimi nitafika Baraka wiki moja kabla yake.