Macho ya Mama Smaranda

Kila jengo lina mtu wake mrefu, ila la kwetu lilizidisha. Smaranda Tofan wa ghorofa ya tatu alipofika darasa la sita alikuwa tayari anainama kuingia kwao. Mimi nakaa ghorofa ya pili, chini yao kabisa, na kila alipojisahau nilisikia ngo! kisha sauti ya mama yake: "Taratibu na mlango!" Kichwa hakikuulizwa.

Mama mwenyewe alikuwa mfupi, fundi cherehani, mwanamke ambaye angekuvulia soksi za miguuni mwake akiona una baridi. Lakini aliamini jambo moja kujihusu, na hakuna padri wala daktari aliyeweza kumtoa humo: kwamba ana jicho. Si jicho la husuda. Jicho lake lilikuwa la kupenda. Akikitazama kitu akakipenda, kitu hicho kinapata ajali. Kwetu Romania sababu yake inajulikana: mtoto akishaachishwa ziwa, akalia hadi mama akamwonea huruma na kumrudishia, basi akikua macho yake yanakuwa makali. Mama Smaranda aliachishwa, akarudishiwa. Bibi yake alimsimulia, na tangu siku hiyo alitembea na macho yake kama mtu aliyebeba sufuria la mafuta ya moto.

Ushahidi alikuwa nao. Alisifu miche ya nyanya ya jirani wa ghorofa ya kwanza, ikanyauka. Alisifu gari langu kuukuu, likakataa kuwaka.

"Mama Smaranda," nikamwambia, "gari hili halijawaka vizuri tangu nilinunue."

"Najua, mzee Traian. Nimekuwa nikilipenda toka zamani. Sikusema tu."



Basi Smaranda alipochaguliwa timu ya shule ya mpira wa wavu, mama yake alikwenda kumtazama mechi ya kwanza. Alikaa mbele kabisa. Mtoto akaruka, mikono ikapita juu ya wavu kama matawi, na mama akasahau nafsi yake. Akasimama, akapaza sauti: "Tazameni mwanangu alivyo mzuri!" Sasa, kwetu ukisifu kitu sharti uteme mate, ptu ptu ptu, hewa zaidi kuliko mate, ili sifa isigeuke dhara. Furaha ilimzidi, hakutema. Mpira uliofuata ulimpiga Smaranda kwenye kidole kidogo, kikavunjika.

Kidole kilipona kwa mshazari. Mama hakukanyaga tena ukumbini.

Smaranda alipotimiza miaka ishirini, klabu moja ya Poland ikamchukua. Siku ya safari tulikuwa wote pale nje, basi dogo linanguruma, dereva anapanga mitungi ya achari ambayo mama ameifunga kwa mataulo.

"Mama, siku moja lazima uje unione nikicheza," Smaranda akasema. "Mechi moja tu."

"Unataka nikuue?"

"Moja tu, Mama."

"Panda gari, unapigwa na upepo."

Nawaambia jambo hilo mapema kwa sababu ndilo alilolibeba yule binti nchi zote alizokwenda. Watu walidhani anataka vikombe. Vikombe alivipata, kimoja mama yake anawekea vijiko vya mbao. Alichotaka ni mama yake akae kwenye kiti, atazame.

Na mama, badala ya macho, alimtumia kinga. Poland alimpigia simu asubuhi ya mechi ya kwanza: "Vaa kitu kimoja ndani nje, jicho litateleza." Alimaanisha nguo ya ndani. Smaranda kwa woga wa ugeni akageuza fulana ya timu. Akaingia uwanjani mishono imetoka, namba haionekani mbele wala nyuma. Mwamuzi akapuliza filimbi, akamzunguka kama mtu anayekagua ng'ombe sokoni. Wapoland wakadhani ni mbinu mpya ya Kiromania.

Italia alivaa mkononi uzi mwekundu wa kukinga jicho, mwamuzi akamwambia auvue. Akaufunga kwenye kifundo cha mguu, akaambiwa auvue. Mama akauchukua ule wajibu kama fundi: kikaja kifurushi chenye vikinga-magoti alivyovifumua na kuvishona upya, uzi mwekundu ukiwa ndani kabisa, pamoja na sarmale, zile kabichi zetu za kuviringishia nyama, na maagizo kwamba vyote ni vya kuliwa isipokuwa vikinga-magoti.

Ufaransa ndiko kulikoharibika. Kwenye chakula cha jioni mwenyekiti wa klabu, bwana wa heshima mwenye suti ya rangi ya maziwa, alisimama akamsifu Smaranda mbele ya wageni wote: jinsi anavyoruka, anavyojituma, alivyo nguzo. Hakutema hata kidogo, angejuaje? Smaranda alivumilia hadi neno "nguzo", kisha akamgeukia, akamtemea yeye mwenyewe kwa niaba yake, ptu ptu ptu, begani. Alituambia baadaye kwamba ilikuwa hewa tupu. Lakini alikuwa ametoka kunywa supu.

Msimu uliofuata alikuwa Ujerumani.

Na huku nyumbani mambo yalikwendaje? Mechi zikionyeshwa kwenye televisheni, mimi ndiye niliyekuwa natazama. Mama Smaranda alichukua ndoo na dawa ya kufulia, akaanza kuosha ngazi kutoka ghorofa ya nne kwenda chini, ili awe mbali na kila skrini. Jengo zima likisikia harufu ya klorini linajua Smaranda anacheza. Kazi yangu ilikuwa kusimama mlangoni kila seti ya mchezo ikiisha na kutoa habari. Ila kusifu marufuku, hata kwa mdomo wa jirani. Habari ilibidi itolewe kwa matusi.

"Mama Smaranda! Mwanao leo hovyo kabisa!"

"Mungu akubariki, mzee Traian! Hovyo namna gani?"

"Anacheza kama kabati! Kama kabati lililoanguka!"

"Lo, ahsante!" Na brashi inaongeza kasi. Kadiri nilivyomtukana ndivyo ngazi zilivyong'aa. Na siku alizokuwa hovyo kweli, hasa ile servi yake, maana kuanzisha mpira hakujawahi kuwa kipaji chake, nilisema hivyo hivyo. Ningesema nini kingine?

Miaka ikaenda. Magoti yakaanza kulalamika, na Smaranda akarudi kumalizia msimu wa mwisho kwenye timu ya mji wetu, katika ukumbi ambao ukifungua dirisha la jikoni kwao unasikia filimbi. Nilifikiri sasa mama atashindwa kukimbia. Mama akafunga dirisha, akaosha ngazi msimu mzima. Zilifika mahali tukawa tunashika ukuta kwa utelezi.

Wiki ya mechi ya mwisho nilikuwa jikoni kwao nakunywa kahawa. Mama alikuwa kwenye cherehani, Smaranda anakausha vyombo, kichwa chini ya kabati la juu.

"Jumamosi naacha," akasema. "Baada ya hapo hakuna cha kuona tena."

"Najua."

"Mama za Waitalia walikuja na masufuria ya kugonga. Mama za Wapoland waliimba. Nimechezea mama za watu nusu ya Ulaya. Wangu mimi yuko mtaa wa pili kutoka ukumbini, anaosha ngazi."

"Nakuona nyumbani kila siku."

"Nikiosha vyombo!"

"Na unaviosha vizuri," mama akasema kwa upole.

Sahani ikamponyoka Smaranda, ikapasuka sakafuni. Mama aliitazama sahani, kisha akanitazama mimi.  

Smaranda aliokota vipande, akavitupa, akachukua koti lake akatoka. Kichwa kilikuwa chini, hakujigonga hata mlangoni, nikajua ameumia. Cherehani ilinguruma, ikasimama, ikanguruma tena.

"Mzee Traian."

"Naam."

"Nikienda lakini niupe uwanja mgongo, itahesabika nimekwenda?"

"Nusu."

"Nusu si haba," akasema.

Jumamosi nilimpitia. Alitoka amevaa kila kitu ndani nje: koti bitana nje na mfuko unaning'inia, kitambaa cha kichwa upande wa chini juu, sketi mishono yote inaonekana. Fundi aliyewashonea nusu ya wanawake wa mji, anapita katikati yao hivyo! Wengine waligeuka wasicheke. Tukapanda hadi safu ya mwisho, akageuza kiti, akakaa ameelekea ukuta.

"Ni ukuta mzuri?" nikamuuliza.

"Unahitaji rangi. Anaendeleaje?"

"Hovyo."

"Ahsante."

Huko chini Smaranda alikuwa anatazama juu kila mpira ukisimama. Aliona mgongo wa mama yake, lebo ya koti imechomoza. Mara ya kwanza alicheka. Mara ya tatu hakucheka.

Tulishinda seti mbili, wageni wakashinda mbili, ikabaki ya tano. Safu ya mbele yetu alikaa shabiki mmoja wa wageni, jitu la ndevu lenye ngoma, mtu mwema tu. Smaranda akazuia mpira mmoja kwenye wavu, ukashuka kama tofali, na jitu likashindwa kujizuia.

"Huyo mrefu wenu, jamani! Na umri wote huo! Mikono ya dhahabu ile!"

Nikaona shingo ya Mama Smaranda ikikakamaa.

"Tema mate," akauambia ukuta.

"Unasemaje, mama?"

"Umemsifu mwanangu. Tema mate!"

"Nitemee wapi, humu ndani watu wamekaa?"

"Wewe bwana, tema, au nitakutemea mimi!" Na akageuka mzima mzima ili amshughulikie. Akageuka, na juu ya bega la yule jamaa, chini kwenye mstari wa nyuma, Smaranda amesimama na mpira mkononi, zamu yake ya servi, anatazama juu.

Wakakutana macho.

Smaranda akarusha mpira, akapiga. Mpira ulikwenda moja kwa moja kwenye wavu, chini, kama panya anayetafuta tundu.

"Nimemuua," Mama Smaranda akasema, akainuka.

Kwenye mchezo huu mchezaji wa katikati kama yeye akishapoteza servi hutolewa kidogo, anampisha mwenzake. Smaranda akasimama pembeni na taulo shingoni, hatazami mchezo. Anatazama ngazi za ukumbi kuona kama mama yake anashuka. Mimi nikaukamata ule mfuko wa koti uliokuwa unaning'inia.

"Kaa chini."

"Niache, mzee Traian! Hukuona?"

"Nimeona. Servi hiyo nimeiona miaka kumi na tano! Aliikosa Poland, akaikosa Italia. Ufaransa alimpiga mwenzake kisogoni!"

"Lini? Hukuniambia!"

"Nilikuambia! Nilisimama mlangoni nikapaza sauti, leo servi zake hovyo kabisa! Ukanishukuru!"

"Nilidhani unamkinga!"

"Siku nyingine nilikuwa namkinga. Siku nyingine alikuwa hovyo!"

Jitu la ngoma liliacha kupiga likatusikiliza. Mama Smaranda alisimama pale mkono mmoja kwenye kitambaa chake.

"Kwa hiyo mimi nikiwa kwenye ngazi na ndoo..."

"Anakosa."

"Bila macho yangu."

"Bila macho ya mtu yeyote wa ukoo wenu."

Alifikiri. Nilimwona akiyahesabu: sahani, nyanya, pengine na gari langu. Kisha akakishika kiti, akakigeuza kikaelekea uwanjani, akakaa, na kumwambia mtu wa ngoma, "Inamisha kichwa, sioni."

Smaranda akafunika uso kwa taulo. Kocha alilazimika kumwita mara mbili arudi ndani.

Nawaambia kwa haki: hakucheza kama malaika baada ya hapo. Alizuia mipira miwili mizuri mno, mmoja ukamwangusha mpigaji wao matakoni. Mingine alichelewa, magoti hayakutaka. Na mama hakunyamaza hata dakika moja. "Mbona anatua kwa mguu mmoja? Nani aliyemshonea kaptula ile, inamvuta nyuma! Ruka, mama, ruka! Ptu, ptu, ptu. Aa, sasa hiyo ni nini?" Jitu la ngoma, kwa kumwogopa, likawa linatema nalo.

Tukashindwa. Kwa pointi mbili tu, mechi ya mwisho ya maisha yake, tukashindwa, na ukumbi mzima ukasimama kumpigia makofi yule mrefu. Hakuwangoja. Alipanda safu zote kwa ile miguu yake mirefu, akiruka viti viwili viwili, akasimama mbele ya mama yake akiwa amelowa jasho.

"Haya," akasema. "Umeniona."

Mama Smaranda alimtazama kuanzia viatu hadi juu, safari ndefu.

"Umecheza hovyo," akasema.

"Hovyo ya kweli au ya kukinga?"

"Ile servi, ya kweli."  Akamvuta kichwa kikashuka hadi usawa wa uso wake, akamtemea ptu ptu ptu kwenye paji la uso, na safari hii haikuwa hewa tupu. "Yaliyobaki, ya kukinga. Vaa koti, unapigwa na upepo."

Hakuwa na koti, lilikuwa limebaki chini. Basi akamvika lake mwenyewe, bitana nje, likamfika mbavuni, na hivyo ndivyo walivyotoka mlangoni. Smaranda alijigonga. Ngo!

Siku hizi Mama Smaranda anazitazama mechi zote za zamani, moja baada ya nyingine, na ghorofa ya pili nasikia kila anachomlaumu mwamuzi wa Italia. Majirani wananilaumu mimi. Wanasema tangu Jumamosi ile ngazi zetu hazijaoshwa.