Mantiki ya Bomba Kavu

Wiki hii nilipanga foleni kwenye ofisi ya maji ya kijiji kimoja juu ya Moshi, nyuma ya mama mmoja aliyevaa kitenge na buti za shambani. Bomba la kwake lilikuwa kavu, na ng'ombe wake alikuwa amezaa juzi.

Karani, kijana aliyesomea falsafa ya Wagiriki wa kale, alimwamkia shikamoo kwa adabu, kisha akanyoosha kidole juu.

"Mama, maji yakikatika, wateja hulalamika. Wateja hawajalalamika. Kwa hiyo maji hayajakatika."

"Na mimi hapa nafanya nini?"

"Wewe ni mteja. Mimi nimesema wateja."

Mama alimtazama kama anayemtazama mtoto mwenye homa, akaondoka. Alirudi akimvuta ng'ombe wake, akamfunga dirishani. Ng'ombe akaingiza kichwa ndani, akalia mpaka karani akaruka kutoka kitini.

"Haya, sasa tuko wawili," mama akasema.

Fundi aliitwa mbio, na kabla ya adhuhuri maji yakatoka.

Tumheshimu karani. Hoja yake ilinyooka sawasawa na walivyofundisha Wagiriki. Bahati mbaya ng'ombe hanywi hoja.