Aliyoniambia Ndani ya Eda

Kaka yangu wa pili alifariki kwa ugonjwa wa ini, nyumbani kwake Kerege, na aliyemfumba macho ni mkewe, mwanamke Mkristo kutoka bara. Nalitaja hili mwanzo kwa sababu mahakamani sikulitaja.

Walikutana Chalinze. Kaka alikuwa akiziba matairi ya malori, naye alifundisha chekechea Vigwaza na alikuwa akipita pale kununua mahitaji. Walifunga ndoa bomani. Sisi ni watu wa mji mkongwe wa Bagamoyo; watoto wa mtaa wamesomea chuo cha Kurani barazani kwetu tangu enzi za bibi yangu, na mimi hadi leo nafundisha juzuu wasichana wadogo kila alasiri. Ndoa ile ya bomani ilituuma, lakini hatukugombana nao. Wifi alikuwa mtu wa watu. Idi alikuja kwetu na bakuli la vitumbua, na Krismasi sisi tulikwenda kwake kula pilau, ila njiani hakuna aliyesema tunakwenda kula Krismasi.

Kaka naye, nikisema kweli, dini aliichukulia juujuu. Ramadhani alifunga siku mbili tatu. Ijumaa nyingi zilimpita akiwa chini ya lori. Nyumba ya Kerege waliijenga wawili, na nilimwona wifi kwa macho yangu akichota maji ya kufyatulia matofali, kanga ameikaza kiunoni.

Tulipokwisha kuzika, kaka yetu mkubwa alimwambia, "Shemeji, mke wa Muislamu hukaa eda. Dini yako haikuondolei hilo." Ni kweli, ndivyo sheria yetu inavyosema. Wifi hakubisha. "Kama ndiyo heshima yake, nitakaa," alisema. Akaomba ruhusa shuleni bila mshahara, akakaa ndani miezi minne na siku kumi, hana wanja, hana manukato, hatoki ila kwa dharura.

Kila Alhamisi nilikwenda kumtazama. Siku moja tulikuwa tunachambua mchele ukumbini, akasema, "Wifi, nikuambie kitu? Wiki zake za mwisho kaka yako alirudi kuswali."

"Alirudi?"

"Alirudi. Hawezi kuinuka, basi namletea beseni kitandani, namwosha mikono, uso, miguu. Siku ya kwanza nilikosea mpangilio, akacheka, akanifundisha. Halafu nakisukuma kitanda kielekee anakotaka. Mimi nilifurahi, maana akimaliza alikuwa analala vizuri."

Nilimkumbatia, tukalia wote wawili. Siku ile nilimpenda kama ndugu wa tumbo moja. Sikumchukia baadaye pia, na hilo ndilo linalonishinda kulieleza.

Eda ilipokwisha, ukoo ulikaa kikao. Wazazi wetu walikuwa wamekwisha kufa na marehemu hakuacha mtoto. Kaka mkubwa akasema warithi ni yeye na mimi, yeye mafungu mawili na mimi fungu moja, kwa kuwa Muislamu na asiye Muislamu hawarithiani. Wifi alisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza, "Kwa hiyo eda nilikaa kama nani?" Kaka mkubwa alipofungua shauri la mirathi mahakama ya mwanzo, wifi alikwenda kuweka pingamizi.

Kaka mkubwa alinifuata chumbani. "Wewe ni mwalimu wa chuo," alisema. "Ukitoa ushahidi wewe, watakusikiliza."

Ningeweza kusema nilimwogopa. Lakini wakati huo nilikuwa nimeachwa na mume, nimerudi na godoro na masanduku mawili, naishi chumba cha uani kwa huyohuyo kaka. Nilikuwa nataka kitu kiitwe changu. Nilikubali kabla hajamaliza kuomba.

Hakimu alikuwa mwanamke wa makamo. Alieleza kwa upole kwamba sheria itakayotumika inategemea marehemu aliishi vipi: kama aliishi Kiislamu, mirathi yake itakwenda Kiislamu. Wifi akasimama. "Mheshimiwa, tulifunga ndoa bomani. Idi tulikula, Krismasi tulikula. Mume wangu hakuwa mtu wa msikitini. Nyumba tumejenga wote. Naomba sheria ya serikali, ile isiyomuuliza mtu dini."

Kisha nikaitwa mimi. Niliapa nimeshika msahafu.

"Marehemu aliishi kama Muislamu?"

"Ndiyo, mheshimiwa."

"Umejuaje?"

"Hakuacha swala mpaka siku zake za mwisho. Hata alipokuwa hajiwezi alitiwa udhu kitandani."

"Na nani?"

Nilitazama meza.

"Shahidi, nani alimtia udhu?"

"Mkewe."

Wifi alikuwa ameniambia alirudi kuswali. Mimi nilisema hakuacha. Ni neno moja tu nililobadilisha, na hakuna mtu mle ndani aliyelijua isipokuwa mimi na yeye.

Hakimu akamgeukia. "Ni kweli ulikuwa ukimtia udhu?"

Angeweza kukana. Hakukuwa na shahidi mwingine. Alinitazama kidogo, si kwa hasira, kama mtu anayehakikisha sura. "Ni kweli, mheshimiwa. Nilikuwa namwosha mimi."

"Na eda ulikaa?"

"Nilikaa."

Hakimu aliandika kwa muda mrefu. Siku ya hukumu alisema mwenendo wa marehemu ulikuwa wa Kiislamu, na pingamizi likaondolewa. Alimweleza wifi kwamba anaweza kukata rufaa, na kwamba jasho lake katika nyumba ile anaweza kulidai kivyake. Wifi alishukuru. Hakukata rufaa wala hakudai kitu. Mwisho wa mwezi alipakia vyombo kwenye pikipiki ya magurudumu matatu, akahamia Vigwaza karibu na shule yake.

Nyumba iliuzwa. Kwa fungu langu nilijenga vyumba viwili pembezoni mwa mji, na ndimo ninamoishi mpaka leo.

Nilikwenda kumwona sheikh aliyenisomesha utotoni. Nadhani nilikwenda kutafuta mtu wa kuniambia nimefanya sawa. Nilimsimulia yote, nikamaliza kwa kusema sheria haimpi kitu.

"Sheria haimrithishi," alisema. "Hapo umesema kweli. Sasa ninyi mlimpa nini?"

"Maalim, si mrithi."

"Nimesikia si mrithi. Marehemu mwenyewe angeweza kumwachia hadi theluthi kwa wasia, maradhi yakamuwahi. Ninyi mliobaki hai, nani aliwakataza kumpa?"

Aya za mirathi nazijua kwa moyo, nawafundisha wasichana wale. Nilikuwa nimeshika mlango wa urithi uliofungwa, nikamsukumia wifi huko, na ule wa kumpa kwa hiari, uliokuwa wazi, nikaupita kama sikuuona. Tena nikaliita jambo hilo dini, mbele ya hakimu, mkono juu ya msahafu. Watu wakisema sheria yetu haina huruma huwa nawakatalia, halafu nanyamaza, kwa kuwa nawajua walioitumia bila huruma.

Nilikwenda Vigwaza. Wifi alinipokea, akanikaribisha chai, akaniuliza hali za wote kwa zamu, mpaka kaka mkubwa. Nilimwambia chumba kimoja kati ya viwili nimpe yeye, tuandikiane. Alitikisa kichwa. "Bagamoyo nitamfundisha nani, wifi? Kaa nacho." Nilipoanza kuomba msamaha alinikatiza. "Nataka kitu kimoja. Sijui alizikwa wapi. Walikwenda wanaume, mimi nikaingia eda. Nionyeshe kaburi."

Jumamosi iliyofuata alikuja. Tulifika makaburini asubuhi, na hapo ndipo nilipogundua kuwa hata mimi sikulijua. Makaburi mapya yalikuwa mengi, mengine hayana kibao. Ikabidi nimpigie simu kaka mkubwa.

"La nne kutoka kwenye ukuta, lenye jiwe jeupe kichwani," alisema. "Uko na nani?"

Wifi alikuwa hatua mbili kutoka nilipo, ananitazama.

"Peke yangu," nilisema.

Alisikia. Nilimweleza alivyosema kaka. Alihesabu kutoka ukutani mpaka kwenye jiwe jeupe, akavua viatu ingawa sikumwambia, akachuchumaa na kuanza kung'oa majani. Nilisimama nyuma yake, simu bado mkononi. Baada ya muda nikachuchumaa upande wa pili, nikang'oa yaliyokuwa upande wangu.