Nirupam Aliyeijua Kalkuta kwa Miguu

Miaka kumi na minne nilimwendesha Nirupam Sanyal katika mitaa ya Kalkuta, yeye kiti cha mbele amegeuza shingo akizungumza na wageni, mimi mkono kwenye honi. Miaka miwili ya mwisho alikuwa haoni, na aliyejua ni mimi peke yangu. Ndivyo tulivyodhani.

Mimi naitwa Moinul Laskar, dereva. Ofisi yetu ya kutembeza watalii ilikuwa ya bwana mmoja, Dastidar, aliyejivunia kwamba hachanganyi watu: mgeni mmoja, gari moja, kiongozi mmoja, siku nzima. Na kiongozi aliyeombwa kwa jina ni Nirupam. Alikuwa mrefu, shati jeupe lililopigwa pasi na mkewe, na sauti ambayo hata polisi wa barabarani waliinamisha kichwa dirishani kuisikiliza. Alikuonyesha dirisha bovu la ghorofa ya pili, akakueleza nani alisimama pale akisubiri barua, ukatamani kulia kwa ajili ya mtu aliyekufa miaka mia iliyopita.

Siku niliyogundua, alikanyaga mbwa. Mbwa mweupe, mkubwa, amelala katikati ya njia mchana kweupe. Tuliporudi garini nikacheka, nikamwambia, "Kaka, yule mbwa amekukosea nini?" Hakucheka. Alisubiri mgeni aingie hotelini, ndipo akasema.

"Naona kilicho mbele ya pua tu, Moinul. Pembeni hakuna kitu. Si giza, hapana. Hakuna tu."

Daktari alishamwambia ni ugonjwa wa kurithi, hauna dawa, na lile tundu analochungulia litazidi kufinyika mwaka hadi mwaka.

"Shemeji anajua?"

"Shukla asijue. Dastidar asijue. Wewe nimekuambia kwa sababu umeona."

Basi siri ikatufungia wawili ndani ya chumba kimoja, na ufunguo hana mtu.

Tukabuni namna yetu. Kila tuliposhuka, gari nilimwachia mlinzi wa maegesho, mimi nikatangulia na chupa za maji na mwavuli kama mtumishi mwenye adabu nyingi. Huku natembea, naongea Kibengali mfululizo: "Ngazi tatu, kaka. Jiwe kushoto. Baiskeli inakuja. Inama, kuna waya." Yeye anaendelea na Kiingereza chake kwa mgeni bila kukatiza. Wageni walidhani mimi ni mtu wa maneno mengi. Mmoja aliniuliza kama nasali.

Nilikuwa naenda nyumbani nimechoka kuliko mbeba mizigo. Siku za mapumziko nilijikuta namhesabia ngazi mke wangu.

Ndipo akaja Bi Katrin. Alitoka Wales, ana miaka kama sitini na mitano, mfupi, mpana, viatu vya kamba. Ilikuwa mwezi wa tisa, wiki mbili kabla ya sikukuu ya mungu wa kike Durga, mji mzima umezibwa na mianzi ya mabanda ya sherehe, mvua inanyesha na kukatika, joto linakufuata hata kivulini.

Asubuhi tulianza na soko la maua chini ya daraja. Pale wabebaji hawakupishi. Wanakimbia na vikapu vya mashada ya njano kichwani wakipiga kelele, na asiyesogea anasogezwa. Nirupam alimshika mgeni mkono, kwa heshima kabisa, kumbe ni yeye anayejishikiza.

"Kulia kuna shimo, kaka," nikasema. "Mpitishe kushoto. Pole pole lakini, huyu mama anatembea kama bata."

"Funga mdomo," akanijibu kwa Kibengali, uso wake ukitabasamu kwa mgeni.

Bi Katrin alitazama maua.

Kutoka pale tukanaswa kwenye foleni. Maandamano yamefunga barabara mbele, lori limezima nyuma yetu, kulia tramu, kushoto ukuta. Saa nzima hatukusogea hata urefu wa gari. Shati la Nirupam lililowa mgongo mzima. Alisimulia, akasimulia, mpaka hadithi zikamwishia, akawa anasugua magoti yake kwa viganja. Nikamnong'oneza, "Kaka, mtaa wa wafinyanzi tuuache leo. Sanamu zimejaa mpaka njiani."

"Upo kwenye ratiba."

"Ratiba haina macho."

"Wala mimi sina. Tutaelewana."

Mtaa wenyewe ni mwembamba, watu wawili wakikutana mmoja anageuka ubavu. Wakati ule wa mwaka miungu imesimama pande zote mbili, mabua na udongo mbichi, bado haijapakwa rangi, mikono imetoka nje ya vibanda. Nilitangulia kama kawaida. Mara mkokoteni wa mianzi ukakata njia kati yangu na wao, ukakwama. Sikuweza kupita juu wala chini yake.

"Simama hapo hapo, kaka!" nikapiga kelele. "Usitembee!"

Lakini nyuma yake watu walikuwa wanamsukuma, na mbele yake hakuona kitu. Akapiga hatua moja pembeni. Nikasikia sauti kama ya chungu kinachopasuka ndani ya gunia. Mkono mmoja wa Durga ulikuwa chini, vidole vimetawanyika.

Mwenye kibanda alikuwa Bhabatosh Pal, mzee mkavu, udongo mpaka kwenye nyusi, aliyemfahamu Nirupam kabla hata mimi sijaajiriwa.

"We Sanyal! Umekunywa?"

Nirupam aligeuza uso kule sauti ilikotoka.

"Miaka ishirini unapita hapa! Mungu ana mikono kumi, kila mmoja mrefu kama mtu, leo hukuuona hata mmoja?"

Watu wakajaa. Huku wanacheka, kule wanaguna. Kijana mmoja akasema, "Atoe mkono wake mwenyewe aubandike." Nirupam akageuka aondoke, akakutana na ukuta wa kibanda. Akageuka tena, akakutana na kifua cha mtu. Akasimama, mikono ameiweka mbele kidogo, kama mtu aliyefungiwa stoo. Mimi ng'ambo ya mkokoteni nilitamani ardhi inimeze.

Bi Katrin akajitokeza mbele yake. Akasema kwa Kibengali safi, chenye lafudhi ya watu wa Sylhet, kule Bangladesh:

"Baba, kosa ni langu. Nilijikwaa nikamsukuma. Mimi hutembea kama bata, kila mtu anajua."

Mtaa mzima ukalipuka kwa kicheko. Bhabatosh mwenyewe alicheka mpaka akajifuta macho na kifundo cha mkono. "Umejifunzia wapi, dada? Kwa wavua samaki?" Akaokota vidole. "Udongo bado mbichi. Kufikia jioni atakuwa na mikono yake kumi. Nendeni."

Ndani ya gari nilifunga milango. Nilikuwa nikikumbuka kila neno nililotamka tangu asubuhi.

"Nilikuwa muuguzi Sylhet miaka kumi na mmoja," Bi Katrin akasema kwa Kibengali. "Ngazi sita, jiwe kushoto, mbwa kulia. Mchana kutwa nimetembea kwa maelekezo yako, Moinul. Hayakuwa mabaya."

"Nisamehe, Madam. Lile neno la bata..."

"Nina kioo nyumbani, mwanangu. Wewe, Nirupam. Nani mwingine anajua?"

"Huyu tu."

"Na siku mgeni mwenye umri wangu akikufuata kwenye ngazi za mto, ukakosea hatua, mkaanguka wote?"

Nirupam alitazama mbele, kwenye kile kipande kidogo cha kioo cha gari alichoweza kukiona.

"Mimi nitakaa wapi, Madam? Nyumbani ni vyumba viwili, ghorofa ya tatu. Huku nje ndiko ninakojua kila kitu kilipo. Nikiacha kutembea, nimezikwa."

Bi Katrin hakumbishia. Alisema hataandika kitu kwa Dastidar. Kusema ni kazi ya Nirupam mwenyewe, macho ni yake. Kisha akaangalia saa yake. "Nimebakiwa na saa mbili. Nipeleke mahali unapopapenda, na Moinul aongee kwa sauti. Hakuna haja ya kujificha tena."

Tukaenda kwenye makaburi ya zamani. Niliita ngazi na mizizi kama kondakta, na Nirupam alisimulia vizuri kuliko siku zote nilizomsikia.

Aliapa atasema baada ya sikukuu. Sikukuu ikapita, wageni wa majira ya baridi wakaja, hakusema. Mimi ndiye niliyevunjika. Mwezi wa kumi na mbili mgeni mmoja mzee aliteleza mbele ya macho yangu, nikamdaka kwa mkanda wa begi. Jioni ile nilimwambia:

"Kesho sitangulii, kaka."

"Unanifunga, Moinul."

"Mimi ndiye niliyefungwa. Miaka miwili sijatembea njia yangu mwenyewe."

Siku tatu hakusema nami. Ya nne akaingia mwenyewe kwa Dastidar. Kisha nikampeleka nyumbani amwambie mkewe. Nilisimama mlangoni. Shukla alikuwa anachambua dengu.

"Nilishajua tangu mwaka juzi," akasema bila kuinua kichwa. "Unadhani nani anaziweka ndala zako pale pale kila siku? Nilikuwa nangoja unihesabu mimi kama mtu."

Nirupam akakaa kitandani, akafunika uso. Sikumwona akilia, ila niliona mabega yakipanda na kushuka.

Dastidar alimpa kazi ya simu, katika chumba cha nyuma kisicho na dirisha, kati ya choo na kabati la mafaili. Alikaa siku kumi na tisa. Akaniambia anasikia ratiba za wengine mchana kutwa, na kila jina la mtaa linamchoma. Akaacha. Kutoka hapo ni nyumbani. Vyumba viwili, redio, na varanda ambayo nje yake haoni ila kipande cha anga kama sahani ya chai.

Mimi nilipewa kiongozi mwingine, msichana hodari, hadithi anazisoma kwenye simu. Sina ubaya naye.

Shukla akanipigia. "Shemeji, mtoe nje. Ananikosoa namna ninavyopanga vijiko." Tangu hapo kila Jumapili naazima teksi ya shemeji yangu mwingine, naenda kumchukua. Mwanzoni tulipita mitaa ile ile, mimi nikimwambia kilichopo. Ilikuwa adhabu. "Nyumba imepakwa rangi mpya," nasema. "Rangi gani?" "Njano." "Njano ya bizari au njano ya embe?" "Kaka, njano tu." "Basi hujaniambia kitu." Siku nyingine alikataa hata kushuka ngazi.

Jumapili moja nikabadilisha. Nikaelekea mashariki, kule mji mpya wanakojenga maghorofa ya vioo, ambako hajawahi kuleta mgeni kwa sababu alikudharau. Tukashuka. Akanishika kiwiko kwa nguvu, kucha zikaniingia.

"Hapa sijui kitu," akasema. "Niambie."

Nami sikujua kitu. Tukamuuliza muuza chai. Naye akatuambia kulikuwa na mashamba ya mpunga, mahali penye benki pale palikuwa na bwawa la babu yake, na kwamba yeye anauza chai kama hatua arobaini kutoka mlangoni mwa nyumba alimozaliwa, ambayo sasa haipo. Nirupam alimuuliza maswali mpaka chai ikapoa: bwawa lilikuwa na samaki gani, miti upande upi, nani alizama. Aliyauliza yote ameinamisha kichwa, sikio mbele.

Wakati wa kurudi nikamuuliza kama amefurahi.

"Hata huku nimo ndani ya kuta vilevile, Moinul," akasema. "Ila hizi sikuzijua."

Nilimpandisha ghorofa tatu. Shukla alifungua mlango, na kabla hajavua viatu Nirupam alianza kumsimulia habari za lile bwawa. Shukla alisikiliza amesimama, kitambaa cha vyombo mkononi, na mimi nikashuka taratibu.