Mapaja ya Kuku Niliyompa Mbwa

Mimi ni binti wa Arap Rotich na Tabutany, na nilizaliwa Roret. Kwetu Wakipsigis nilifunzwa kwamba nyama na maziwa havikutani katika chombo kimoja. Andika hilo kwanza, mjukuu wangu, ili wajue upumbavu wangu ulianzia wapi.

Juzi mama yako, Akinyi, Mjaluo aliyeolewa na mwanangu, alipokwenda kazini kiwandani, nilifunua bakuli jikoni nikakuta mapaja ya kuku yamezama katika mala, maziwa yaliyoganda, yenye kitunguu saumu. Sikungoja kumwuliza. Nilimwita jirani yetu, Mama Chebet, aje ashuhudie.

"Tazama anachonilisha huyu mtu wa ziwani. Nyama imeoza, naye anaificha kwa maziwa!"

"Woi, Gogo, bibi yetu! Si umpe tu mbwa," alisema akicheka.

Nikampa mbwa yote.

Jioni Akinyi alirudi amechoka, akawasha oveni, akatafuta bakuli lake. Mama Chebet alikuwa bado ameketi, akingojea kuona Akinyi akiaibika.

"Mama, kuku iko wapi?"

"Uozo wako umeliwa na mbwa."

Hakupandisha sauti. "Haikuwa imeoza, Mama. Niliilaza kwa mala ndiyo iwe laini, nikifika nichome tu. Jumapili ulishindwa kutafuna, ukasema ni meno. Hiyo ilikuwa yako."

Mama Chebet aliondoka bila kunitazama.

Mjukuu wangu, yatunze maneno ya mama yako kama alivyoyasema. Na pale nilipomwita mtu wa ziwani, usifute. Watakaosoma wajue ni mimi niliyesema.