Aliyezikwa Kwenye Runinga

Juzi nilimwona kwenye runinga yule mtangazaji wa kipindi cha asubuhi, sasa ana mvi. Nilipokuwa mtoto kijijini Mbwajumali, mtangazaji huyo alikuwa mwigizaji, na katika mchezo mmoja tulimwona akifa na kuzikwa. Kisha asubuhi moja akatokea akitabasamu, akitusalimu.

"Mama, huyu si alizikwa?"

"Amepata kazi nyingine, mwanangu."

Sikujua kuwa kifo chake kilikuwa cha kuigiza. Baba tulikuwa tumemzika mwezi ule, na nyumba bado ilinukia udi. Nikayaweka makubadhi yake mlangoni, nikasikiliza nyayo kichochoroni hadi alasiri.

Mama alipoyaona, alijitanda leso upesi. "Nani amekuja?" akanong'ona.

"Baba. Bado yuko njiani."

Akaketi kando yangu, akautazama mlango.