Mtangazaji wa Injili Aliyewafuturisha Wavuvi

Habari nilizipata Manda, nikingoja boti ya kuvukia Amu, kama tuuitavyo mji wa Lamu. Polisi mmoja wa kutoka bara aliniambia kuwa yule mama wa redio ya injili amefariki, kisha akageuka upande nisimwone machozi. Redio yenyewe ilianzishwa kwa ajili ya watu kama yeye, walimu, askari na vibarua wa bara waliokuwa wakizikosa nyimbo za makwao. Kanisa lilikodi chumba Wiyoni, likanunua mtambo, na mama huyu, mwalimu mstaafu, akakabidhiwa kipaza sauti. Mimi ni Mwislamu wa hapa hapa Amu na nyimbo zile si zangu, lakini udadisi wangu wasomaji mnaujua. Kulikuwa na jambo katika redio ile lililoninyima raha mpaka nikaenda kubisha hodi.

Kila magharibi, katikati ya mahubiri, ilisikika adhana. Nilidhani mitambo imeingiliana. Kumbe chumba kimepakana na msikiti na dirisha halifungiki, hivyo muadhini akianza, sauti yake inaingia hewani pamoja na Zaburi. Nilimuuliza mama kama hilo halimkeri. "Bwana wangu, muadhini alikuwa hapa kabla yangu," akanijibu, akanimiminia chai.

Wenye redio walikereka. Kamati ya kanisa iliamuru dirisha lizibwe kwa godoro, naye akaliziba. Ilikuwa Ramadhani, tena wakati wa mawingu. Siku chache baadaye alipigiwa simu na mwanamke wa Kizingitini anayenunua kamba mawe, wale kamba wakubwa wa miambani, kwa wapiga mbizi. "Bi, mbona siku hizi adhana kimya?" akamuuliza. "Wanaume wetu wako dagoni, hakuna msikiti wala mtandao. Jua hawalioni. Hufutari kwa redio yako, na sasa wakaa na ndaa hata kiza kiwe kizito." Mama hakuwa na habari kuwa kwenye kambi zile za uvuvi kuna mtu anayemsikiliza. Godoro hakuliondoa, maana ameagizwa. Ila tangu siku ile, magharibi ikikaribia aliweka wimbo, akatoka barazani, akamsikiliza muadhini kwa masikio yake, kisha akarudi kutangaza: "Jua limetua Lamu. Mnaofungua, fungueni. Mungu awape afya." Halafu akaendelea na Injili ya Yohana.

Kamati ilimwita. Mwenyekiti alimuuliza anawahubiria watu au anawafuturisha. Akasema, "Mzee, nikiwadanganya saa ya kula, wataniaminije nikiwaambia habari za mbinguni?" Akaambiwa aache, la sivyo atanyang'anywa kipaza sauti, kazi pekee aliyokuwa nayo tangu astaafu na amzike mumewe. Aliniambia aliogopa sana. Lakini magharibi ilipofika akatoka tena barazani. Sikukuu ya Idi mwenyekiti alikwenda Wiyoni kumwondoa, akakuta wapiga mbizi wamejaa mlangoni na kapu la kamba mawe, wamekuja kumpa mkono wa Idi Bi wa redio. Alikaribishwa, akala. Alilojia hakulisema, wala hakulirudia tena.

Maziko yalifanyika juzi. Nje ya kanisa walisimama wanaume wa Kizingitini na kofia zao, wakiwa hawajui waingie au wabaki pale. Mwenyekiti yule yule alitoka akawashika mikono, akawaketisha mbele pamoja na jamaa wa marehemu. Nililia, sioni haya kusema. Baadaye nilimuuliza fundi wa redio nani atashika zamu ya jioni. Akasema hakuna haja ya mtu, vipindi vitakuja vimeshatengenezwa bara na kompyuta itavirusha yenyewe. Sina ugomvi na kompyuta. Tunasifu vyombo vipya kwa umbali sauti inakofika, na ni kweli sauti inafika mbali. Lakini huko inakofika kuna mtu ana njaa, na jambo hilo mama yule alilijua kwa kuwa alipopigiwa simu aliipokea na akamsikiliza aliyepiga. Ramadhani ijayo redio itahubiri kama kawaida, na wale walio dagoni watakaa wameitegea sikio, tende mkononi, hadi betri ziishe.